India: Kiti cha Marehemu na Foleni ya Wategemezi

Novemba 1997 konstebo mmoja wa polisi wa jimbo la Haryana, kaskazini mwa India, alifariki akiwa kazini. Aliacha mjane na mtoto wa kiume wa miaka saba. Kanuni za jimbo ziliruhusu mtegemezi mmoja wa mtumishi aliyefariki apewe kazi serikalini bila kushindania nafasi na wengine, na familia ikamngojea mtoto akue. Alipotimiza miaka 18, mwaka 2008, akaomba. Akajibiwa kuwa muda wa kuomba ni miaka mitatu tangu siku ya kifo, nao umekwisha zamani. Shauri likapanda ngazi hadi Mahakama ya Juu ya India, ambayo ilitoa uamuzi Novemba 2024: kazi hapati. Wakati huo alikuwa na miaka 34.

Ukimsimulia mtu shauri hili, atachukua upande kabla hujamaliza. Mmoja atasema yatima amedhulumiwa. Mwingine atasema kazi ya serikali si shamba la mikorosho, haigawiwi kwa warithi. Ubishi huo una utamu wake, lakini umeficha jambo ambalo mimi naliona ndilo kiini: ajira hiyo ya mtegemezi, inayoitwa ajira ya huruma, ina uhalali kwa muda mfupi sana baada ya kifo, na serikali iliyoiahidi haijapata kujua kuitoa ndani ya muda huo.

Kwa India mpango wenyewe ni wa kawaida. Serikali kuu inao, shirika la reli linao, mabenki ya umma, migodi ya makaa ya mawe, na karibu kila jimbo lina kanuni zake. Za Uttar Pradesh ni za mwaka 1974, na katika ofisi za jimbo hilo karani huuliza tu kama wewe ni “mritak ashrit”, mtegemezi wa marehemu, kisha anajua akufungulie faili gani. Nafasi zinazotolewa ni za ngazi za chini: karani, tarishi, mhudumu wa ofisi. Katika serikali kuu, tangu mishahara iliporekebishwa mwaka 2016, ngazi ya chini kabisa huanzia rupia 18,000 kwa mwezi kabla ya posho. Mjane anaweza kuajiriwa kama mhudumu hata kama hana cheti cha shule. Akiolewa tena, haondolewi kazini. Umri ukizidi kidogo, unaweza kusamehewa.

Rupia 18,000 si fedha ya kutajirika, na mahesabu ya mshahara peke yake hayaelezi kwa nini watu hukaa mahakamani miaka ishirini kuitafuta. Kinachopiganiwa ni kazi isiyoondoka. Kazi hiyo ni nyumba inayokopesheka benki, ni kijana anayeposa akakubaliwa, ni matibabu, ni uzee wenye uhakika wa kula. Kwa nchi ambayo wafanyakazi wengi mno wako nje ya ajira rasmi, kiti kimoja cha tarishi ni hadhi ya ukoo.

Lakini katiba ya India inakitazama kiti hicho kwa jicho kali. Ibara ya 16 inampa kila raia fursa sawa katika ajira ya dola, na inakataza mtu kubaguliwa kwa dini, rangi, tabaka la kuzaliwa, jinsia, nasaba, mahali alipozaliwa au anapoishi. Hiyo “nasaba” ndiyo inayowasumbua mawakili. Ukimpa mtu kazi kwa sababu ni mtoto wa fulani, umempa kwa nasaba. Na kijana wa familia maskini kuliko hiyo, ambaye baba yake alikuwa kibarua wa mashambani na hakupata kuwa mtumishi wa mtu yeyote, amefungiwa mlango aliokuwa akijiandaa kuugonga. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 Mahakama ya Juu ililisema hilo waziwazi: kugawa kazi kwa misingi ya uzao ni kinyume cha katiba, na huruma ni tundu dogo linaloachwa katika ukuta huo kwa familia iliyoachwa bila tonge.

Hukumu inayotajwa kila mahali ni ya mwaka 1994, nayo pia ilitoka Haryana, ambako ilikuwa desturi watoto wa watumishi waliofariki kupewa hata vyeo vya daraja la pili. Majaji waliikata desturi hiyo. Walieleza kuwa lengo ni kuivusha familia katika dhiki ya ghafla; kwamba kifo peke yake hakimpi mtu haki ya kuajiriwa mpaka hali ya fedha ya familia ichunguzwe; kwamba kazi inayotolewa ni ya ngazi ya chini kabisa, isilinganishwe na cheo cha marehemu; na kwamba muda wa kutosha ukishapita, dhiki ikawa imeshapita nayo, hakuna tena cha kutoa. Kimantiki hukumu ile haina pa kushika. Kama tundu limeachwa kwa ajili ya dharura, basi dharura ikiisha tundu lizibwe.

Sasa iweke mantiki hiyo mikononi mwa ofisi halisi. Mjane anapeleka barua. Masijala inaigonga muhuri. Inatakiwa hati ya kifo, hati ya wategemezi kutoka kwa ofisa wa wilaya, taarifa ya mali, kiapo cha ndugu wengine kwamba hawana pingamizi. Kamati inakaa mara moja kwa mwaka, pengine haikai. Ikikaa inakuta nafasi hakuna. Faili linarudi kabatini. Miaka mitano baadaye ofisi inajibu kwamba familia imeweza kuishi miaka mitano bila msaada, basi haina dhiki. Yule aliyechelewesha ndiye anayetumia ucheleweshaji kama ushahidi, na mahakama, mara nyingi kwa majonzi ya maneno, inamkubalia. Mwaka 2023, katika mashauri ya watumishi wa halmashauri ya mji huko West Bengal ambayo maombi yake yalipelekwa katikati ya miaka ya 2000, Mahakama ya Juu ilikiri kwamba mamlaka zilizembea, ikasema pia waombaji walichelewa kuzishitaki, na ikahitimisha kuwa kuwaajiri sasa kungepotosha shabaha ya mpango.

Mimi naiona hoja hiyo kuwa sahihi kwa sheria na mbovu kwa utawala. Familia kuishi haina maana haikuumia. Binti ameachishwa shule, kiwanja kimeuzwa, mjane amehamia kwa kaka yake ambako anakula kwa kuhesabiwa. Katika faili hayo yote yanasomeka kama uthibitisho kwamba “wameweza”.

Majaji wenyewe wanajua. Mwaka 2022, katika shauri la Odisha, waliagiza maombi ya namna hii yaamuliwe ndani ya miezi sita. Hata nyuma huko, mwaka 1989, Mahakama hiyohiyo ilikuwa imekemea ucheleweshaji na kusema kama nafasi haipo, iongezwe ya ziada juu ya ikama. Shauri la mwaka huo lilimhusu mjane wa mtunza bohari wa idara ya barabara za mpakani. Aliomba mwaka 1982, mwaka uleule aliofiwa, akafaulu hata mtihani wa ukarani, akazungushwa hadi mwaka 1985 ilipotoka amri ya kutoajiri wanawake katika idara hiyo. Ndipo ombi lake likakataliwa kwa kutumia amri ambayo haikuwapo alipoomba. Alishinda, baada ya miaka saba.

Amri mpya kutumika kwa kifo cha zamani kumekuwa fumbo la sheria lenye historia yake. Benki inafuta mpango wa ajira na kuweka malipo ya mkupuo badala yake, kama Benki ya Taifa ya India, SBI, ilivyofanya mwaka 2005. Je, aliyefiwa kabla ya hapo na faili lake bado halijasomwa anahukumiwa kwa kanuni ipi? Mwaka 2010 Mahakama ya Juu ilisema kwa kanuni mpya. Mwaka 2015, katika shauri la benki nyingine, ikasema kwa ile ya zamani. Mwaka 2020 jopo la majaji watatu likarudi kwenye ile inayotumika siku ombi linapofikiriwa. Ukiitazama vizuri, kauli hiyo ya mwisho inaipa ofisi sababu nzuri ya kutofikiria ombi lolote mpaka kanuni ibadilike.

Hata swali jepesi kama “pensheni ihesabiwe?” limejibiwa kwa namna mbili. Kuna hukumu za mwaka 2000 na 2005 zinazosema mafao ya marehemu si sababu ya kuinyima familia ajira. Ipo ya 2019 inayoruhusu mapato ya familia, pensheni ikiwamo, yatiwe kwenye mizani. Februari 2025 liliamuliwa shauri la mwajiriwa wa benki aliyefariki Desemba 2001, ikiwa imebaki miezi minne astaafu. Mwanawe aliomba mara moja, akakataliwa kwa kuwa mama alikuwa na pensheni na yeye mwenyewe umri ulikuwa umepita kwa miezi. Mahakama Kuu ya Kerala iliamuru aajiriwe. Mahakama ya Juu ikalitengua hilo na kuamuru alipwe fedha za mkupuo, ikisema ajira hii ni ya familia inayokaribia kukosa mkate. Kwa uamuzi wenyewe sina ugomvi. Baba aliyebakiza miezi minne alikuwa ameshawalisha watoto wake kwa karibu maisha yote ya kazi yake. Ugomvi wangu ni na miaka 23.

Serikali kuu ilijaribu kupunguza upendeleo wa makamati kwa kutumia alama. Mizani iliyotumiwa na Wizara ya Ulinzi ina alama 100, nayo inafaa isomwe polepole. Udogo wa pensheni ya familia unapewa hadi alama 20, udogo wa kiinua mgongo na mafao mengine 10, mapato ya wanafamilia wanaofanya kazi 5, mali 10. Kisha idadi ya wategemezi 15, watoto wadogo 15, mabinti wasioolewa 15, na miaka ya utumishi ambayo marehemu alikuwa amebakiza 10. Nimezipenda hizo 10 za mwisho, maana zinamtofautisha aliyekufa na miaka 30 na aliyekufa akifunga virago. Hizo 15 za mabinti zina kichekesho chao: dola inamhesabu binti asiyeolewa kama mzigo unaostahili alama sawa na mtoto mdogo, wakati kanuni za majimbo kadhaa zilimfuta kabisa binti aliyeolewa katika orodha ya familia, hata kama ndiye pekee anayemtunza mama mjane. Kaka yake aliyeoa hakufutwa. Mahakama Kuu ya Allahabad iliitupa tofauti hiyo mwaka 2015, ya Karnataka ikafuata, na mwaka 2021 Mahakama ya Juu ikakataa rufaa ya serikali ya Karnataka. Majimbo yakabadilisha kanuni, baadhi kwa shingo upande.

Alama, hata hivyo, hazizai nafasi. Ajira za huruma katika serikali kuu zimewekewa kikomo cha asilimia 5 ya nafasi za ngazi hizo zinazojazwa kwa ajira mpya. Reli ilisamehewa kikomo hicho. Mwaka 2001 serikali ikaamua, ili kubana matumizi, kwamba katika nafasi zinazoachwa wazi na ajira mpya ijazwe theluthi moja tu. Piga hesabu: ofisi iliyopoteza watu 60 iliruhusiwa kuajiri 20, na katika hao 20 asilimia 5 ni mtu mmoja. Kama mwaka huo walifariki watumishi saba, familia sita zilibaki foleni, na mwaka uliofuata ziliungana na nyingine. Kati ya 2003 na 2012 serikali kuu iliweka pia kikomo cha miaka mitatu; faili likizungushwa mwaka wa kwanza, wa pili na wa tatu bila nafasi, linafungwa. Huruma iliyotangazwa kwa wote ikawa bahati nasibu, na kwenye bahati nasibu ya kiofisi daima hujitokeza mtu anayejua namna ya kusogeza karatasi.

Ndani ya familia nako kuna vita vyake. Nafasi ni moja, wategemezi ni wengi. Kwa kawaida mjane humwachia mwana mkubwa, kwa kushauriwa na wakwe na majirani, na mwana hutia saini hati ya kuwatunza wenzake. Kanuni za serikali kuu zinasema akishindwa kuwatunza anaweza kuachishwa kazi. Sentensi nzuri. Mama gani ataandika barua mwanawe afukuzwe kazi, ili nyumba nzima ikose hata kile kidogo?

Suala la mke wa pili litawagusa wasomaji wengi wa Kiswahili ambao wameona mirathi ya wake wawili ikigeuka mapanga. Sheria ya ndoa ya Wahindu ya 1955 hairuhusu mke wa pili, na waraka wa shirika la reli wa mwaka 1992 uliwaweka nje watoto wake. Mwishoni mwa 2018, na tena Februari 2022, Mahakama ya Juu ilisema mtoto hawezi kunyimwa ajira ya huruma kwa sababu mama yake alikuwa mke wa pili; kufanya hivyo ni kumbagua kwa nasaba. Hapa nakiri nilitabasamu. Neno lilelile la Ibara ya 16 ambalo miaka 30 nyuma lilitumika kuwakumbusha watoto kwamba kazi ya baba si yao, sasa limetumika kumwingiza mtoto aliyesukumwa nje ya foleni. Na hukumu zote mbili ziko sawa. Huwezi kudai kiti kwa uzao, na ukishakuwapo mlango wa wenye shida, huwezi kuzuiwa mlangoni kwa uzao.

Mstari kati ya shida na urithi ni mwembamba, na reli iliuvuka mchana kweupe. Kuanzia mwaka 2004 iliwaruhusu baadhi ya wafanyakazi wa usalama wa njia na treni wenye umri wa kati ya miaka 50 na 57 wastaafu mapema, na mtoto wa mmoja wao aajiriwe. Mwaka 2010 ikaupanua mpango huo. Hapo hakuna aliyefariki. Hakuna matanga, hakuna njaa. Kuna baba aliye hai anayemkabidhi mwana kazi ya umma. Mahakama Kuu ya Punjab na Haryana iliushangaa mwaka 2016, reli ikausitisha mwaka 2018, na mwaka 2021 Mahakama ya Juu ikasema hakuna anayeweza kudai chochote chini yake. Upande wa kutisha wa kazi kugeuka urithi ulionekana Novemba 2020 katika wilaya ya Ramgarh, jimbo la Jharkhand: polisi walimkamata mwana aliyedaiwa kumuua baba yake, mfanyakazi wa kampuni ya umma ya makaa ya mawe, ili achukue nafasi yake. Tukio moja halihukumu mpango mzima, lakini linaonyesha watu wameshakipa kiti thamani gani.

Kwetu huku, Kenya imeandika katika Ibara ya 232 ya Katiba yake ya 2010 kwamba uteuzi katika utumishi wa umma uegemee ushindani wa haki na sifa. Tanzania ina Sekretarieti ya Ajira katika Utumishi wa Umma, ambako maelfu huomba nafasi za kuhesabika. Hata hivyo aliyewahi kukaa karibu na mkuu wa idara kwenye mazishi ya mtumishi amesikia ombi likinong'onwa kabla udongo haujakauka: bosi, mtuangalizie na huyu kijana. Siku ombi hilo litakapoandikwa kuwa kanuni, na huenda mbunge fulani akalipeleka bungeni kwa nia njema kabisa, itafaa mtu awe amesoma mafaili ya India.

Ningekuwa naulizwa, ningeanza na fedha. Kinachoivusha familia katika miezi ya mwanzo ni noti mkononi. India inayo: familia ya mtumishi wa serikali kuu aliyefariki kazini chini ya pensheni ya zamani hulipwa asilimia 50 ya mshahara wake wa mwisho kwa miaka 10, kisha asilimia 30. Mfumo huo, ukilipa kwa wakati, unafanya kazi kubwa kuliko kamati zote za huruma, na unamfikia mjane mwenyewe bila kupitia kwa mwana. Ajira iwekewe wachache ambao hata kwa pensheni hiyo hawatasimama, yaani familia changa yenye watoto wadogo, isiyo na nyumba wala mtu mwingine wa kuleta kipato. Iamuliwe ndani ya ile miezi sita. Na ofisi ikishindwa kujibu ndani ya muda huo, ilipe malipo ya mkupuo kutoka fungu lake yenyewe. Ofisi hazijifunzi kwa kukemewa na majaji. Zinajifunza bajeti yao inapoguswa.

Malipo ya mkupuo hayakuwa kitu kigeni hata katika shauri la yule konstebo. Yalikuwamo katika kanuni za Haryana kama njia mbadala, na Mahakama ya Juu, ilipomnyima mwana kazi, ilimruhusu mama apeleke ombi la fedha hizo, mwaka 2024. Serikali kuu nayo ina maagizo ya mwaka 1998 yanayomtaka afisa ustawi wa kila idara aende kwa familia mara tu baada ya kifo, aieleze haki zake, aisaidie kujaza fomu, na mwombaji aitwe ana kwa ana tangu hatua ya kwanza. Agizo hilo halihitaji sheria mpya, nafasi mpya wala fedha zaidi ya nauli ya basi. Mkaguzi anayetaka kujua kama idara ina huruma au ina mafaili tu, aombe daftari la ziara za afisa huyo: nyumba zipi alikwenda, siku ngapi baada ya mazishi, na alizungumza na nani.